Dendy, Jina Lililomponyoka Mwenyewe

Mteja wangu wa kwanza mjini Moscow alikuwa bibi mmoja wa umri wa nyanya yangu. Alikuja bwenini kwetu, mtaa wa Miklukho-Maklaya, majira ya baridi ya 1993, akamuuliza mlinzi yuko wapi yule kijana Mwafrika anayesomea uhandisi. Nilibeba mkoba wa vifaa nikamfuata hadi ghorofa ya saba ya jengo la jirani. Sebuleni palikuwa na Rubin, televisheni ya Kisovieti ya kubebwa na watu wawili, na mbele yake mjukuu wa miaka tisa hivi kakaa sakafuni na pedi mkononi. Kwenye kioo vifaru vidogo vilikuwa vinafukuzana na kurushiana risasi katikati ya kuta za matofali, vyote rangi ya majivu.

"Mwanangu," bibi akaniambia, "kwenye boksi wamechora rangi. Mbona huku haziji?"

Rangi zilikuwa zinatoka. Tatizo ni kwamba Rubin yake ilisoma rangi za mfumo wa SECAM, ule ambao Wasovieti waliuchukua kwa Wafaransa, na kile kidude cha gemu kilitoa PAL. Dawa yake ilikuwa dekoda, bodi ndogo isiyozidi kiganja, ambayo siku hizo iliuzwa kwenye masoko ya redio kama karanga. Unafungua mgongo wa televisheni, unasubiri umeme uliolala ndani utulie (usiposubiri utakumbuka jina la mama yako), unachomelea waya kwa risasi, unafunga. Mtoto alipoona matofali yamekuwa mekundu alipiga kelele mpaka jirani akagonga ukuta. Bibi alinilipa kwa rubli chache, chupa ya matango ya kuloweka kwenye chumvi na chai ya jemu. Kuanzia siku hiyo nilikuwa na kazi.

Niseme nilikotoka, maana vinginevyo haieleweki kwa nini nilikodoa macho kuliko yule mtoto. Nimezaliwa Tanga. Zanzibar walikuwa na televisheni ya rangi tangu miaka ya 1970, ila sisi wa Bara hatukuwa na kituo chetu hata kimoja hadi 1994. Aliyejaliwa antena ndefu alinasa picha za wenzetu, nusu sura na nusu chenga. Nilipanda ndege kwenda kusomea uhandisi nikiwa sijawahi kumiliki kidude cha kuwasha picha, seuze cha kuiamrisha picha iende kushoto. Chuo chenyewe nilikikuta kinaitwa Lumumba, na kabla sijamaliza mwaka wa kwanza, Februari 1992, kikabadilishwa jina kuwa Chuo Kikuu cha Urafiki wa Mataifa cha Urusi. Nchi nayo ilikuwa imekwisha kubadilisha jina.

Kidude cha yule bibi kiliitwa Dendy, na alama yake ni tembo. Kilikuwa nakala ya Famicom, mashine ambayo Nintendo waliitoa Japani mwaka 1983. Nintendo hawakuwa na duka wala wakala Urusi, na dunia nzima iliyokwisha kucheza Mario tangu miaka ya 1980 ilikuwa imewaacha watoto wa Moscow nje ya mlango. Aliyeuona mlango huo ni Viktor Savyuk. Alikuwa akifanya kazi katika kampuni ya programu iitwayo Paragraph, akawapelekea wazo la kuagiza mashine za gemu kutoka Taiwan, wakakataa. Akalipeleka kwa Steepler, kampuni iliyokuwa ikiuza kompyuta, na hao wakakubali. Hakuna aliyeomba ruhusa Japani. Sheria mpya ya hakimiliki ya Urusi ilipitishwa Julai 1993, wakati tembo ameshaingia sebuleni mwa watu. Kwa lugha ya Kariakoo, ile ilikuwa feki yenye risiti. Ila risiti ile ilikuwa na uzito wake: kulikuwa na boksi safi, maelekezo ya Kirusi, karatasi ya dhamana, na duka ambalo ungelikuta palepale wiki inayofuata. Katika Moscow ya 1992, ambako kila kona mtu alikuwa kasimama na jozi ya viatu mkononi akiuza, hivyo vitu vilikuwa adimu kuliko hata gemu lenyewe.

Dendy ya kwanza iliingia sokoni Desemba 1992 kwa rubli 39,000, kama dola 94. Mwaka huohuo bei za vitu Urusi zilikuwa zimepanda kwa zaidi ya mara ishirini na tano, na serikali ilikuwa inamgawia kila raia vocha ya kununulia hisa za viwanda vya umma, imeandikwa rubli 10,000. Basi familia ya watu wanne, ikihesabu vocha zake zote kwa thamani iliyoandikwa, ilipata Dendy moja na chenji ya rubli elfu moja. Nimewahi kumpigia hesabu hiyo rafiki yangu Mrusi akacheka, kisha akanyamaza, akasema baba yake alipata kibaya zaidi kwa vocha zake.

Tembo alichorwa na Ivan Maximov, mtengenezaji wa katuni. Baadhi ya mashine ziliunganishwa Dubna, mji wa wanasayansi wa nyuklia kaskazini mwa Moscow, katika kiwanda cha Tensor kilichozoea kutengeneza vipimo vya mitambo ya nyuklia. Huwa nawafikiria wale mafundi, watu wa kupima mionzi, wakifunga skrubu za kidude cha kumrusha Mario. Kazi ilikuwa hakuna, na mshahara ni mshahara.

Kilichonishangaza mimi ni jinsi walivyolitangaza jina. Tangazo la televisheni lilikuwa na kiitikio ambacho hata sisi wageni tulikiimba kwenye lifti bila kujua maana yake. Lilitoka jarida, Video-Ass Dendy, ambalo baadaye lilijiita Veliky Drakon, yaani Joka Kuu. Mwaka 1994 kikaja kipindi kizima cha televisheni kwenye chaneli ya 2x2, mtangazaji wake Sergey Suponev, kijana mchangamfu ambaye watoto wote walimjua kwa vipindi vyao. Saa yake ikifika, ukumbi wa bweni letu ulijaa Waangola, Wanepali, Wakenya na sisi, watu wazima wenye mitihani ya hisabati kesho yake, tunamsikiliza mtu akieleza namna ya kuvuka daraja kwenye Contra. Kufikia mwaka huo Dendy zaidi ya milioni moja zilikuwa zimeuzwa.

Na hapo ndipo nilipoanza kuona kitu kwenye meza yangu ambacho, nadhani, mabosi hawakukiona mapema, au walikiona wakakosa la kufanya. Mteja anakuja: "Dendy yangu imekufa." Anafungua mfuko wa nailoni. Si Dendy. Ni Kenga, au Lifa, au Subor ya Wachina, au kitu kisicho na jina kabisa. Ukimwambia, anakuangalia kama umemtukana. Ndivyo sisi tunavyotumwa dukani kununua Kolgeti tukarudi na dawa ya meno yoyote, na mama asiseme neno. Mashine yoyote ya gemu Urusi ilikuwa dendy, kwa herufi ndogo. Kampuni ililipia tangazo, na machinga wa soko la Luzhniki akavuna.

Nikizifungua, tofauti ilikuwa wazi. Dendy za mwanzo zilizopita mikononi mwangu zilikuwa na aisii halisi zenye miguu, za kampuni ya UMC ya Taiwan, unasoma namba mgongoni: UA6527P, UA6538. Ile ya pili ndiyo iliyochora picha. Za bei poa, bodi tupu na tone moja jeusi katikati, kama lami iliyodondoka. Gemu lote limo humo, na likiharibika huna cha kushika. Kwa nje mtoto hajui. Kaseti ni zilezile, plastiki ya njano, zinaingia kote. Na kaseti nazo zilikuwa shule ya uongo. Nilinunua moja Gorbushka, soko la Jumamosi na Jumapili karibu na ukumbi wa Gorbunov, imeandikwa gemu 9999. Tulizihesabu usiku mmoja, mimi na mwenzangu wa Bukoba. Zilikuwa saba. Zilizobaki ni hizohizo kwa majina mengine, ama zinaanzia ngazi ya tatu.

Watoto walidanganywa na kaseti; wazazi wao walikuwa na hofu tofauti. Waliamini gemu linaunguza kioo cha televisheni, na televisheni ilikuwa mali kubwa ya nyumba. Niliulizwa swali hilo kila nyumba. Nilijifunza kujibu kwamba haliunguzi mtoto akimaliza kwanza kazi za shule, na akina mama walinipenda kwa jibu hilo kuliko kwa dekoda.

Steepler ilipanda hadi ikafika kimo cha kuonekana Japani. Benki ya Inkombank ilinunua hisa, na mwishoni mwa 1994 Nintendo wenyewe walikaa nao mezani: madai juu ya Dendy yawekwe kando, Steepler ipewe haki ya pekee ya kuuza Super Nintendo na Game Boy, na iachane na mashine za Sega. Kwenye magazeti ilisomeka kama ndoa ya kifalme. Kwa macho yangu ya fundi ilikuwa mahari ghali. Watoto waliochoka na Dendy walikuwa wanataka Sega, na nakala za Sega zilijaa mitaani. Wewe umejifunga kuuza mashine halali ya bei ya juu.

Halafu kulikuwa na rubli. Tarehe 11 Oktoba 1994, Jumanne, ilifunguka ikiwa 3,081 kwa dola na jioni ikawa 3,926. Mzigo unalipiwa kwa dola Taiwan, unaingizwa dukani kwa rubli, na madukani mikoani mali inatoka kwa mali kauli. Aliyewahi kufanya biashara ya jumla hahitaji kuambiwa zaidi. Januari 1996 kipindi cha Suponev, ambacho kilikuwa kimehamia chaneli ya ORT, kilikoma. Mwaka huohuo Steepler ikafa, kompyuta na tembo pamoja. Inkombank ilinyang'anywa leseni mwaka 1998. Suponev alifariki Desemba 2001 kwa ajali ya pikipiki ya theluji. Mimi nilikuwa nimesharudi Tanga mwaka 1997, na pasi ya kuchomelea ndani ya begi la nguo.

Mwaka jana mpwa wangu alinionyesha kwenye kompyuta yake programu inayoigiza mashine za zamani. Akafungua orodha ya mipangilio ya eneo: NTSC, ya Marekani na Japani. PAL, ya Ulaya. Na ya tatu, Dendy. Najua imefikaje hapo. Ile UA6538 ilitoa picha hamsini kwa sekunde kama PAL, lakini ilipangwa kimuda kwa namna ya kuzifanya kaseti za Kijapani ziende bila kuvurugika, kitu ambacho mashine ya Nintendo ya Ulaya haikukifanya vizuri, kwa hiyo waandika programu ikabidi waiwekee chumba chake.

"Mjomba," akaniuliza, "hii Dendy ni nchi gani?"

Nikaanza kumweleza kuanzia kwa bibi wa ghorofa ya saba. Nilipofika kwenye dekoda alikuwa ameshabonyeza, na vifaru vimeanza kutembea.