Abdul Sheriff na Historia ya Mji Mkongwe

Abdul Sheriff, mwanahistoria aliyezaliwa Unguja mwaka 1939, alifundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kwa miaka mingi kabla ya kurejea Zanzibar kusimamia makumbusho. Kitabu chake cha mwaka 1987 kuhusu watumwa, viungo na pembe za ndovu kinaeleza jinsi biashara ilivyoiingiza Zanzibar katika uchumi wa dunia kati ya mwaka 1770 na 1873. Kwa mtazamo huo, majumba ya Mji Mkongwe, sehemu ya kale ya mji wa Zanzibar, ni ushahidi wa kihistoria: utajiri wa karafuu na pembe, pamoja na jasho la watumwa, ndio uliosimamisha kuta zake.

Kuta hizo ni za matumbawe na chokaa, na dari zake hubebwa na boriti za mikoko. Nyumba ya aina hii hudumu ikitunzwa kila mara. Paa likivuja, maji hulainisha chokaa na kuozesha boriti. Baada ya Mapinduzi ya 1964 majumba mengi yalitaifishwa, yakagawiwa familia nyingi, na matengenezo yakapungua, baadhi yakaanguka. Mwaka 1985 Serikali iliunda mamlaka ya kuhifadhi na kuendeleza Mji Mkongwe. Mwaka 1995 Sheriff alihariri kitabu kilichokusanya tafiti kuhusu historia ya mji huo na hifadhi yake. Mwaka 2000 UNESCO iliuingiza katika orodha ya Urithi wa Dunia.

Kazi nyingine ya Sheriff ilikuwa kuitoa historia maktabani na kuiweka mbele ya umma. Mwaka 1994 lililokuwa kasri la masultani, Beit al-Sahel, lilifunguliwa kuwa makumbusho ya ukoo wa Busaidi, uliokuwa ukoo wa masultani hao, na chumba kimoja kikatengwa kwa ajili ya Bibi Salme, binti wa sultani. Jirani yake, Jumba la Maajabu, alilolijenga Sultani Barghash mwaka 1883, likawa makumbusho ya historia na utamaduni wa Zanzibar na Waswahili. Ndani yake uliwekwa mtepe uliojengwa upya, chombo cha kale ambacho mbao zake hushonwa kwa kamba za usumba bila misumari. Mwaka 2005 Sheriff alipewa Tuzo ya Prince Claus ya Uholanzi.

Jengo lenyewe halikusalimika. Jumba la Maajabu lilifungwa mwaka 2012 baada ya sehemu ya baraza zake kuanguka, na tarehe 25 Desemba 2020 upande mmoja uliporomoka wakati wa ukarabati, watu wawili wakafariki. Oman ilikuwa ikigharimia ukarabati huo. Mkasa huo ulithibitisha kuwa orodha ya kimataifa haizuii ukuta kuanguka. Kinachouzuia ni matengenezo ya mara kwa mara, fedha na mafundi wanaoijua chokaa.