Kompyuta ya lori: inachosema na isichosema

Lori langu lilianza kutetemeka tukikaribia Tala, tumebeba saruji kutoka Mombasa. Taa ya injini ikawaka, nguvu zikapotea. Sokoni nikaonyeshwa kijana mwenye laptopu. Akachomeka waya kwenye lile tundu la duara la pini 9, akasoma 651, kisha 5. "Injekta ya kwanza imekufa, mzee." Nikanunua injekta. Taa ikabaki pale pale.

Ndugu zangu wenye malori, hapo ndipo pesa zetu zinapoteketea, kwa hivyo nieleze nilichokuja kujifunza.

Tarakimu hizo ni za J1939, lugha ya pamoja ambayo kompyuta za malori mengi mazito hutumia, yawe ya Marekani au ya Ulaya. Nambari ya kwanza hutaja sehemu: 651 ni injekta ya silinda ya kwanza, 100 ni presha ya oili, 110 ni joto la maji ya injini. Ya pili hutaja aina ya hitilafu, na 5 maana yake umeme unaopita ni mdogo au njia yake imekatika. Haikusema injekta imekufa! Huenda ni koili iliyo ndani yake, huenda ni plagi, huenda ni waya. Fundi wa pili, mtu mzima asiye na maneno mengi, alitoa mita ya umeme akakuta waya uliosuguliwa na chuma hadi ukakatika. Kazi ya nusu saa.

Kila kiwanda kina programu yake: INSITE ya Cummins, SDP3 ya Scania, ET ya Caterpillar. Vile vijimashine vya bei nafuu vingi husoma na kufuta nambari tu, na kufuta si kutengeneza.

Kalibresheni ni jambo jingine. Hapo fundi hasomi tena, anaandika: dizeli kiasi gani, inyunyizwe wakati gani, mwendo uishie wapi. Injekta nyingi za kisasa zina nambari zilizochapwa juu yake, na kompyuta inayozihitaji lazima iandikiwe upya ukibadilisha, la sivyo injini inaweza kugonga au kutoa moshi. Betri ikilegea katikati ya kuandika, kompyuta yenyewe inaweza kuharibika. Na anayekuahidi kuongeza nguvu, muulize kama amehifadhi nakala ya faili la zamani. Dizeli ikizidi, joto la ekzosi hupanda, na anayelipia tabo na pistoni ni wewe.

Hata wakubwa wamejaribiwa na uandishi huu. Mwaka 1998 serikali ya Marekani iliwashtaki watengenezaji saba wa injini za dizeli, Caterpillar na Cummins wakiwemo, kwamba programu zao zilipunguza gesi chafu wakati wa kipimo na kuziachia barabarani. Waliyamaliza kwa makubaliano.

Siku hizi silipi kabla sijapiga picha nambari zote mbili na kuona mita ya umeme ikitumika. Ile injekta ya zamani iko nyuma ya kiti changu, nzima.