Rangi ya Chenza: Kutoka Pwani hadi Mfaranyaki

Mnunuzi wa pwani, awe wa Darajani au wa Kongowea, hulipima chenza kwa mkono kabla ya kulipima kwa jicho. Hulibonyeza kidogo, akasikia jinsi ganda linavyoachana na nyama ya ndani, akalinusa, ndipo akauliza bei. Rangi haimshughulishi sana, kwani amelelewa akijua kwamba chenza la kijani laweza kuwa limeiva barabara, na utamu wake ukawa hauna kasoro. Mtu huyohuyo akipanda hadi Songea mwezi wa Juni au wa Julai, akapita katika nyua za Mfaranyaki, hukutana na machenza ya rangi ya moto wa mkaa, akadhani ni aina nyingine kabisa, pengine imeletwa kwa meli kutoka nchi za mbali.

Kinachotofautiana ni usiku, wala si aina ya mti. Mji wa Songea umekaa katika mwinuko unaopita mita 1,100 juu ya bahari, na katika miezi ya kipupwe usiku wake huwa wa baridi kweli, wa kutafutiwa blanketi. Ganda la chenza, kama lilivyo ganda la chungwa, limebeba rangi mbili kwa pamoja: ukijani uleule wa majani, na chini yake umanjano uliojificha. Usiku ukishuka hadi kiasi cha nyuzi 13 au chini ya hapo, siku baada ya siku, ukijani huvunjika na umanjano ukajitokeza. Pwani, ambako usiku nao una joto lake, ukijani haupati sababu ya kuondoka. Tunda huiva ndani na kubaki na kanzu yake ya utotoni.

Kiswahili kimeyatazama matunda haya kwa makini kuliko lugha nyingi. Lipo chungwa, lipo danzi lililo chungu na kali, lipo limau na ipo ndimu, lipo furungu lenye ganda nene kama godoro. Na katika ukoo wa yale yanayomenyeka kwa kidole gumba, yapo mawili: chenza, na kangaja lililo dogo zaidi. Kamusi za zamani zinataja pia machenza ya Kiajemi, kwa maana ya yaliyo bora. Jina hilo la Uajemi lisichukuliwe kuwa hati ya kuzaliwa. Pwani yetu imezoea kuita kitu kizuri kwa jina la bandari au nchi ambayo majahazi yalikuja nayo, hata kama kilizaliwa mbali zaidi.

Na chenza lilizaliwa mbali zaidi. Uchunguzi wa vinasaba uliochapishwa mwaka 2018 uliiweka asili ya jamii nzima ya michungwa na milimau katika miteremko ya kusini-mashariki mwa Himalaya. Kutoka huko Wachina waliulea mchenza kwa karne nyingi. Mwaka 1178 ofisa mmoja aitwaye Han Yanzhi, aliyetawala Wenzhou, aliandika kitabu kizima juu ya matunda haya, akaeleza aina 27 pamoja na namna ya kuyapanda, kuyachuma na kuyahifadhi. Uchunguzi huo wa vinasaba umethibitisha jambo jingine ambalo wauzaji sokoni wangelipinga kwa kiapo: chungwa, ambalo hujiona mkubwa wa nyumba, ni uzao wa furungu na chenza. Danzi nalo ni hivyohivyo. Mzee wa ukoo ni huyu mdogo mwenye ganda jepesi.

Lakini mzee huyo alichelewa kusafiri. Ibn Battuta alipofika Mombasa mwaka 1331 aliona ndizi, malimau na mabalungi. Vasco da Gama alipotia nanga Mombasa mwaka 1498, sultani alimpelekea kondoo pamoja na machungwa, malimau na miwa; na mabaharia wake walioliwa fizi kwa kiseyeye walirudi Malindi Januari 1499 wakiililia michungwa kuliko dhahabu. Katika taarifa hizo chenza halimo. Hata Ulaya halikufika mpaka mwaka 1805, lilipopelekwa Uingereza kutoka Canton, na kutoka huko likateremka hadi Malta na Italia. Mji wa Tangier, katika Morocco, ukalipatia jina jipya katika vinywa vya Waingereza. Kwa hiyo tunda lililo jepesi kuliko yote kumenya ndilo lililochukua njia ndefu kuliko yote.

Njia ya kutoka Kilwa kwenda Ziwa Nyasa ilipita Ungoni, na misafara ya karne ya 19 iliikanyaga kwa mizigo ya nguo na bunduki kwenda bara, na ya pembe na watumwa kurudi pwani. Wajerumani walijenga boma Songea mwaka 1897. Mwaka uliofuata Wabenediktini wakafungua misheni Peramiho, upande wa magharibi. Kisha ikaja Vita vya Maji Maji. Tarehe 27 Februari 1906 viongozi wa Wangoni walinyongwa mjini hapo, na Nduna Songea Mbano, ambaye mji umebakia na jina lake, naye akanyongwa. Jeshi la Kijerumani halikutosheka na kamba. Lilichoma maghala na kuharibu mashamba, na njaa iliyofuata iliua wengi kuliko risasi. Mwenye kutaka kuelewa kwa nini historia ya miti ya matunda katika nchi hiyo ni fupi aanzie hapo. Mchenza uliooteshwa kwa kokwa huweza kumngojesha mpandaji miaka saba kabla ya kumpa tunda, na miaka saba ni dai kubwa kwa mtu aliyekwisha kuona nafaka ya mwaka mmoja ikigeuzwa majivu.

Utawala wa Waingereza ulileta daftari, na daftari lilikuwa na macho ya kuchagua. Tumbaku iliandikwa, na mwaka 1936 ikaundiwa chama cha ushirika cha Wangoni na Wamatengo, ambacho watu walikiita NGOMAT. Kahawa ya Umatengo iliandikwa. Hata miili ya vijana iliandikwa: Songea ilikuwa mojawapo ya hazina za vibarua wa mashamba ya mkonge ya Tanga, na tangu mwaka 1944 shirika la kuwatafuta, SILABU, liliwapa namba, ndiyo asili ya jina manamba. Mchenza wa uani haukuwa na chama, wala mzani, wala karani. Uliuzwa kwa fungu, juu ya ungo, na aghalabu muuzaji alikuwa mwanamke, na fedha yake ilikwisha kuwa chumvi na sabuni kabla ya jua kuchwa. Mtafiti akiyafungua majalada ya enzi hiyo atakutana na kila jani la tumbaku, asiione hata kokwa moja ya chenza. Huo si upungufu wa mchenza.

Wapandaji wa leo hawangoji miaka saba. Mche wa mlimau, ulio mgumu na wenye mizizi ya kustahimili, hukatwa gome, na jicho la mchenza likatiwa hapo na kufungwa kwa utepe mpaka vishikane. Kazi hii mabwana shamba huiita kubebesha, na ni neno la kuonewa fahari, maana linamwona mlimau kama mama aliyefunga mtoto wa mwenziwe mgongoni. Baada ya miaka mitatu au minne tunda la kwanza huonekana. Wazee wanaoshikilia kokwa nao wana hoja: kokwa moja ya mchenza mara nyingi huchipusha miche miwili au mitatu, na iliyo mingi kati yake hufanana na mama kitu na kitu, bila ya kuhitaji kisu cha mtu.

Kisu, kwa hakika, ndicho kinachotenga chungwa na chenza katika maisha ya barabarani. Muuza machungwa ni fundi. Hulizungusha tunda juu ya makali mpaka ganda likaanguka kwa uzi mmoja, akakata kitako, nawe ukafyonza. Chenza halina fundi. Mtoto wa shule hulifungua njiani, akalitenga vipande, akagawa. Ni tunda lililokwisha kugawika kabla ya kufika mkononi, na mwenye kulila peke yake mbele ya wenzake huonekana vibaya. Jikoni hutumika kidogo, maana maji yake yakipata moto hupoteza uchangamfu. Ganda ndilo lenye manukato. Wachina hulikausha na kuliweka miaka, likawa dawa na kiungo. Waajemi hukata maganda ya danzi nyembamba kama nyuzi, wakayachemsha na kumwaga maji mara kadhaa mpaka uchungu utoke, wakayapika kwa sukari, kisha wakayatandaza juu ya wali wa harusi pamoja na zafarani na lozi. Mpishi wa pwani mwenye kuijua biriani hatahitaji kufundishwa zaidi ya hapo. Ajaribu na ganda la chenza, ila alichemshe mara chache, kwa kuwa uchungu wake ni mdogo.

Baridi inayolipaka rangi chenza la Songea ina mgeni wake. Uko ugonjwa ambao Wachina huuita wa chipukizi za manjano, na Afrika ya Kusini, ulikojulikana tangu miaka ya 1920, hujulikana kwa ukijani wa tunda. Huenezwa na kidudu kidogo kinachofyonza utomvu wa majani machanga. Sura yake ya Kiafrika hupenda nyanda za baridi, zaidi ya mita 900 hivi, na hunyong'onyea katika joto. Ndiyo maana mashamba ya pwani yalikaa salama kwa muda mrefu. Sura ya Asia haliogopi joto, na kidudu kinachoieneza kiligunduliwa Tanzania na Kenya katika miaka ya 2010. Mti ulioshikwa hutoa matunda madogo yaliyopinda, machungu, yenye kokwa zilizosinyaa, na upande wa kitako hubaki kijani wakati wenziwe wote wamekwisha kuwaka.

Hivyo rangi ambayo Unguja ni alama ya tunda zima, Mfaranyaki katika mwezi wa Julai yaweza kuwa habari ya msiba. Dawa ya kuuponya mti haipo. Ushauri wa mabwana shamba ni kuung'oa wote, pamoja na shina la mlimau lililoubeba, na kuuchoma kabla kidudu hakijahamia ua wa jirani. Mwenye mti husikiliza, akahesabu matawi ambayo bado yana matunda mazima, akaomba uachwe mpaka msimu uishe.