Shoti, Ethi na Mguso: Maneno ya Viungo vya Umeme katika Magari ya Zamani

Katika lugha ya gereji zetu neno shoti limetwishwa mzigo unaozidi nguvu zake. Mtu akirushwa na umeme husemwa kwamba amepigwa shoti. Nyaya mbili zilizochubuka zikikutana na kutoa cheche, husemwa zimepiga shoti. Taa ya gari kuukuu ikififia, honi ikikataa kulia, au stata ikigonga mara moja pasipo kuzungusha injini, jibu huwa lilelile: kuna shoti mahali. Hali ya kwanza ni ya mwili wa binadamu. Ya pili ni ya umeme uliopata njia ya mkato. Ya tatu, aghalabu, ni ya umeme uliokosa njia, yaani kinyume kabisa cha ile ya pili. Lugha inayoita kitu na kinyume chake kwa jina moja humgharimu mtu fedha. Mwenye gari hununua betri mpya, kisha alteneta mpya, na ubovu ukabaki palepale ulipokuwa, katika kipande cha shaba kisichozidi ukubwa wa ukucha. Katika makala hii tunakusudia kuonyesha jinsi tulivyofika hapa, na jinsi mfasiri wa vitabu vya matengenezo na mwalimu wa ufundi wanavyoweza kutoka.

Maneno yetu ya umeme hayakuja kwa msafara mmoja. Umeme wenyewe ni neno letu la zamani, la ule mwali unaotangulia ngurumo, ingawa nchini Kenya wengi husema stima, neno lililoshuka kutoka katika meli ya mvuke. Waya tumeuazima kwa Waingereza, na jambo hili lina kichekesho chake, kwa kuwa Kiswahili kilikuwa tayari na neno la Kiajemi, simu, ambalo asili yake ni waya. Lakini simu ilichukuliwa na telegrafu, kisha ikahamia katika chombo cha kuzungumzia, na gari likabaki bila neno. Betri, fyuzi, swichi, stata na ethi ziliingia pamoja na magari yenyewe.

Nayo magari ya mwanzo hayakuhitaji viungo vingi vya umeme. Ford Model T, lililoanza kuuzwa mwaka 1908, lilipata cheche zake kutoka kwa sumaku zilizofungwa katika gurudumu zito la injini, na dereva aliliwasha kwa hendeli na misuli ya mkono. Mambo yaligeuka kwa Cadillac la mwaka 1912, lililotumia stata ya umeme iliyobuniwa na Charles Kettering. Tangu hapo gari lilihitaji betri yenye nguvu, dainamo ya kuijaza, nyaya nene za kubeba mkondo mkubwa, na mahali pengi ambapo waya huishia na kifaa huanzia. Mwanzoni mahali hapo palikuwa ni skrubu na nati tu. Fundi alizungusha waya, akakaza, akaenda zake. Ni njia nzuri, ila ni ya polepole, na viwanda vya kuunda magari kwa maelfu havikuweza kuivumilia.

Huko Uingereza jibu lililoenea lilitoka katika kampuni ya Lucas ya mjini Birmingham, iliyotengeneza vifaa vya umeme vya Morris, Austin, Land Rover na magari mengine mengi. Kila waya ulipewa ncha ya shaba ya mviringo, na ncha mbili zikasukumwa katika mrija mfupi wa shaba uliovikwa mpira. Waingereza waliifananisha ncha hiyo na risasi ya bunduki. Hapa mfasiri na awe macho! Kwetu sisi risasi ni kombora la bunduki, na pia ni madini laini ya kijivu ambayo fundi huyatumia kulehemu. Akiandika “kiungo cha risasi”, msomaji ataelewa kwamba waya umelehemiwa, akatafute bunsi la moto, hali kumbe alitakiwa auvute tu kwa vidole. Tungependelea kichwa mviringo, kiwe mwenzake kichwa bapa, yaani ile ncha ya kisasa zaidi iliyo kama ulimi mwembamba.

Vichwa bapa vilienea baada ya Vita Kuu ya Pili. Kampuni ya Kimarekani ya AMP, iliyoanzishwa mwaka 1941, ilijenga jina lake kwa vichwa vya waya vinavyobanwa kwa koleo maalumu badala ya kulehemiwa. Baadaye vichwa hivyo vilikusanywa vingi pamoja ndani ya kijumba cha plastiki, kimoja dume na kingine jike, na hicho ndicho mafundi wetu wanachokiita soketi. Mwaka 1967 Volkswagen 1600 lilipata mfumo wa Bosch wa kupuliza petroli kwa kuongozwa na elektroniki, na kuanzia hapo kiungo kibovu hakikuzima taa tu, bali kiliweza kuidanganya injini kuhusu joto lake na hewa inayovuta.

Tuje kwenye ethi. Katika gari, waya mmoja huenda kwa taa na umeme hurudi betrini kupitia bodi na chasisi. Waingereza huiita njia hiyo ya kurudi kwa jina la dunia, Wamarekani kwa jina la ardhi, lakini Wafaransa na Wajerumani husema masse, yaani ule wingi wa chuma wenyewe. Tunathubutu kusema kwamba hawa wawili wa mwisho ndio waliosema kweli. Nyumba ina ethi inayozikwa udongoni. Gari limesimama juu ya mipira minne wala haligusi udongo hata kidogo. Mfasiri anayeandika “unganisha na ardhi” anampeleka mwanafunzi asiko. Kwa kuwa ethi limekwisha zoeleka, na kwa kuwa halimkumbushi Mswahili udongo, libaki. Ardhi lisitumike kwa magari. Tena yafaa ikumbukwe kwamba magari mengi ya Kiingereza ya hadi katikati ya miaka ya 1960 yalifungwa ethi upande chanya wa betri, si hasi. Kitabu kinachosema “ethi” pasipo kutaja upande hakitoshi kwa magari hayo.

Land Rover la 1948 lina somo lake la pekee. Chuma kilikuwa adimu Uingereza baada ya vita, na kwa hiyo bodi likatengenezwa kwa alumini juu ya chasisi ya chuma. Alumini haishiki kutu ya kahawia, na wengi wakadhani imepona. Lakini metali mbili tofauti zikigusana penye unyevu wa chumvi, moja huiliwa. Magari yaliyozeeka katika upepo wa Tanga, Mombasa au Unguja huonyesha unga mweupe chini ya skrubu za taa, na unga huo haupitishi umeme. Taa ya nyuma iliyokosa ethi hutafuta njia kupitia taa jirani, ndipo tuonapo ajabu ya taa ndogo kupepesa pamoja na indiketa. Na ukanda wa ethi wa injini ukikatika, mkondo wa stata huweza kupita katika kebo ya mafuta au ya choki hadi kebo ikachomeka.

Rangi za nyaya nazo ni msamiati, tena msamiati wa hatari. Katika utaratibu wa Lucas, waya wa kahawia hutoka moja kwa moja betrini, mara nyingi bila fyuzi, na mweusi ni ethi. Katika magari ya Kijerumani, wa kahawia ndio ethi. Fundi aliyejifunzia Land Rover kisha akafungua Volkswagen la kobe, au kinyume chake, hana budi kuambiwa hivyo waziwazi. Kahawia au hudhurungi, vyovyote mfasiri atakavyopenda, lakini aongeze nchi ya gari.

Sasa tufikie kiini cha jambo. Njia ya mkato huita mkondo mkubwa, na fyuzi hukatika, ubovu umejitangaza. Kiungo kilicholegea au kulika hufanya kinyume: hupunguza mkondo, na fyuzi hukaa kimya. Chukua taa ya wati 60 katika gari la volti 12. Huvuta ampea 5. Kiungo chenye ukinzani wa omu 0.2 tu, ambao mita nyingi za bei nafuu haziwezi kuupima kwa hakika, hula volti 1, nayo taa hupoteza karibu robo ya mwanga wake, huku wati 5 za joto zikiokwa ndani ya plastiki. Katika Volkswagen za kale za volti 6 hasara hiyohiyo ya volti 1 ni sehemu ya sita ya nguvu yote. Stata inayovuta ampea 150 hupoteza volti 1.5 kwa ukinzani wa omu 0.01. Wenye magari ya Kiingereza walimpachika Lucas jina la Mwana wa Mfalme wa Giza. Tunaona walimwonea kwa sehemu, maana giza hilo mara nyingi lilikaa katika mrija wa shaba uliokaa miaka 20 bila kufunguliwa.

Wajerumani wana neno moja la hali hii, Wackelkontakt, mguso unaotikisika. Wafaransa husema mguso wa uongo. Sisi tuna usemi wa gereji ambao haupungukiwi na kitu: “inashika, inaachia.” Kwa maandishi rasmi tunapendekeza mguso hafifu kwa kiungo kinachopitisha kidogo, na mkatiko kwa waya usiopitisha kabisa. Shoti lirudi kwenye kazi yake ya njia ya mkato. Hitilafu ya umeme, neno la magazeti kila nyumba inapoungua, halisemi lolote, na kitabu cha ufundi kiliepuke.

Tofauti hizi si za anasa, kwani upimaji wote hutegemea hizo. Fundi aliyezoea taa ya kupimia, inayovuta mkondo kiasi, mara nyingine huwa mbele ya mwenziwe mwenye mita ya kidijitali. Mita hiyo ina ukinzani wa takribani omu milioni 10. Haivuti karibu chochote, kwa hiyo huonyesha volti 12 hata kupitia kiungo kilicholika kiasi cha kutowasha taa. Volti ipo, nguvu haipo. Mita hufaa pale inapotumiwa kupima mshuko wa volti: taa ikiwa imewashwa, ncha moja ya mita iwekwe kwenye chanya ya betri na nyingine kwenye waya unaoingia taani. Volti chache za sehemu ya kumi si neno. Zikizidi nusu volti, kuna kiungo kinachokula. Ncha ya pili irudishwe nyuma kiungo kwa kiungo, na pale usomaji unapoanguka ghafla, kati ya hapo na kiungo kilichopita ndipo penye ubovu. Upande wa ethi hupimwa vivyo hivyo, kutoka hasi ya betri hadi gamba la taa. Laiti mwanafunzi asomaye “pima volti” angeambiwa kwamba kifaa kiwe kinafanya kazi! Sentensi hiyo moja ikiachwa katika tafsiri, kipimo chote ni bure. Kidole nacho ni chombo: kiungo chenye joto kuliko wenzake kimejishtaki.

Katika kutengeneza, Kiswahili ni tajiri kuliko tunavyodhani. Ule ukoga wa buluu unaoota kwenye vichwa vya betri vya shaba una jina tangu zamani za waganga na wachuuzi wa dawa: ni mrututu. Asidi iliyouzaa huuawa kwa maji ya moto yenye magadi, ambayo hupatikana sokoni kwa wapishi wa maharage. Vichwa vidogo havipendi msasa wa mikwaruzo mikubwa, kwa sababu hupakwa bati jembamba, na likiondoka shaba huliwa upesi. Kichwa jike kilichopoteza mbano hakiponi kwa kusafishwa, kibadilishwe. Waya ukatwe nyuma mpaka nyuzi zing’ae, kwani weusi hupanda ndani ya gamba lake. Kisha kubana ni bora kuliko kulehemu penye mtikisiko, maana lehemu huukaza waya na kuuvunja pale inapokomea. Grisi ifuate, si itangulie. Tepu ya kuzungushia huhifadhi maji kuliko inavyoyazuia.

Limebaki neno kiunganishi, ambalo wafasiri hulitumia kwa kila kitu. Wanasarufi walikwisha lichukua kwa na, lakini na kwamba, na wataalamu wa kompyuta nao wanalitaka. Kwa magari, kiungo kiwe mahali metali mbili zinapokutana, kichwa cha waya kiwe ile ncha, na soketi kiwe kijumba cha plastiki. Mtu aambiwaye “badilisha kiunganishi” hajui anunue kipi kati ya vitatu hivyo. Penye shaka kuna msaada wa tarakimu za utaratibu wa Kijerumani wa DIN 72552, zinazoonekana katika rilei nyingi hata za magari yasiyo ya Kijerumani: 30 ni moja kwa moja kutoka betri, 15 ni kupitia swichi ya ufunguo, 50 ni stata, na 31 ni ethi. Tarakimu hizo zinakiliwe zilivyo, pembeni mwa neno la Kiswahili.