Viazi vya Sukari vya Denmark

Jioni ya tarehe 10 Novemba, mkesha wa Mtakatifu Martin, nyumba nyingi za Denmark hunukia bata wa kuokwa. Kando yake hupakuliwa brunede kartofler, viazi vidogo vilivyovikwa sukari ya kuunguzwa. Mwaka wangu wa kwanza Aarhus sikutaka hata kuvionja. Mimi ni mtoto wa Tanga: kwetu kiazi ni cha chumvi na ndimu, sukari ni ya kaimati. Mama mkwe akaniwekea kimoja tu ukingoni mwa sahani. Nikaomba cha pili.

Sisi tunaviita viazi ulaya, kumbe huko Ulaya nako ni wageni, asili yao milima ya Andes. Denmark vilifika karibu mwaka 1720 na Waprotestanti wa Kifaransa waliokimbilia Fredericia. Mwaka 1759 mfalme Frederik V akaanza kuwaleta wakulima wa Kijerumani walime nyika ya Jutland. Wenyeji wakawabandika jina la "Wajerumani wa viazi". Likizo ya shule ya Oktoba nayo wazee bado huiita likizo ya viazi, maana watoto walifunguliwa wakavune.

Habari ya sukari ni nzito zaidi. Mwaka 1733 Denmark ilinunua kisiwa cha Saint Croix, huko Karibi, kutoka Ufaransa, na miwa yake ikalimwa na watumwa waliotolewa Afrika Magharibi, wengine wakipitishwa kwenye ngome ya Christiansborg, Accra. Julai 1848 walikusanyika kwa maelfu mjini Frederiksted wakidai uhuru wao, na gavana Peter von Scholten akalazimika kuutangaza. Nimekulia pwani inayoyajua machungu hayo, siwezi kusimulia utamu huu nikakiruka kisiwa hicho. Sukari ya viazisukari, zao jingine kabisa, vya Denmark kwenyewe ilikuja kushika kasi baadaye, kampuni kubwa ya sukari ilipoundwa mwaka 1872.

Ukitaka kuvipika, chemsha viazi vidogo, vimenye, viache vipoe kabisa. Tandaza sukari kwenye kikaango kikavu, moto wa wastani, wala usikoroge. Ikishika rangi ya asali tia siagi; itaumuka povu. Hapo visuuze viazi kwa maji baridi, uvitie vingali na majimaji, uvigeuzegeuze mpaka ving'ae. Mama mkwe alinisisitizia hayo maji: kiazi kikavu hakishiki sukari.