Kilichoachwa na Kilichohamishwa: Little Nemo kutoka Gazetini hadi Filamu

Msomaji aliyezoea Juha Kalulu, katuni ya Edward Gitau katika gazeti la Taifa Leo, anafahamu uzito wa kisanduku cha mwisho. Winsor McCay naye aliusuka msuko wa Little Nemo in Slumberland, iliyoanza kuchapishwa katika New York Herald mwaka 1905, juu ya kisanduku hicho: kila Jumapili mtoto Nemo huota, ndoto humzidi, kisha huamka kitandani.

Filamu ya 1911 haina kitanda wala ndoto. Baada ya McCay kuonekana akiwaahidi wenzake michoro 4,000 katika muda wa mwezi mmoja, wahusika wanazuka bila usuli: wanarefuka, wanafupika, joka linawabeba Nemo na Binti Mfalme kinywani mwake. Juu ya kichwa cha Flip pameandikwa maneno ya kumtaka mtazamaji atazame anavyosogea. Na hayo, kwa hakika, ndiyo takriban maudhui yote. Fani imemeza dhamira.

Hata hivyo, kuna kilichohamishwa bila kuguswa. Impy, kikaragosi cha Mwafrika mwenye midomo mikubwa na sketi ya majani, alipewa gazetini lugha isiyoeleweka. Filamu bubu iliwanyamazisha karibu wahusika wote, hivyo kejeli hiyo ya lugha ilitoweka. Umbo lilibaki. Ubaguzi wa McCay haukukaa katika maneno pekee, bali katika mstari wa kalamu, na mstari huo ndio alioutia mwendo.