Tovuti ya Mtoto wa Kismayu: Jina, Sauti na Lahaja

Anayetaka kubuni tovuti ya kumfundishia mtoto wa Kibajuni, awe wa mjini Kismayu au wa visiwa vya Koyama, Chovai na Chula, aghalabu huanza na rangi, picha na nyimbo. Mimi ningemshauri aanze na historia, kwani ndiyo itakayomweleza asimwulize mtoto huyo nini.

Kismayu ilikuwa sehemu ya koloni la Kenya hadi mwaka 1925, Waingereza walipoikabidhi Jubaland kwa Waitalia. Mpaka ukawagawa Wabajuni: wengine wakabaki upande wa Kiunga, wengine upande wa Kismayu, ilhali lahaja yao ni moja. Mwaka 1972 serikali ya Somalia iliamua Kisomali kiandikwe kwa herufi za Kilatini, kikawa lugha ya shule. Hatua hiyo iliwafaa watu wengi, wala siibezi. Lakini mtoto wa kisiwani hakuikuta darasani lugha ya mama yake. Serikali ilipoanguka mwaka 1991, familia nyingi za Kibajuni zilipanda vyombo zikakimbilia Mombasa.

Baadhi ya Wabajuni walifika hadi Uingereza kuomba hifadhi. Huko walihojiwa, sauti zao zikarekodiwa, na wachambuzi wa lugha wakazisikiliza ili kupima kama msemaji ni Mbajuni wa Somalia kweli au ni mtu wa Kenya. Matamshi na msamiati vikawa ushahidi wa kumpokea mtu au kumkataa. Basi tovuti inayomwambia mtoto wa jamii hii aandike jina, ataje kisiwa chao na arekodi sauti yake haimwombi jambo dogo, hata ikiwa nia ni zoezi la matamshi tu.

Wala hofu hii si ya Wabajuni peke yao. Mwaka 2022 shirika la Human Rights Watch lilitoa matokeo ya kuchunguza nyenzo 164 za kujifunzia mtandaoni, zilizoidhinishwa na serikali za nchi 49 wakati wa korona. Nyenzo 146 zilikutwa na taratibu za kukusanya taarifa zilizohatarisha au kukiuka haki za watoto. Sheria ya Kenya ya mwaka 2019 ya kulinda data inataka ridhaa ya mzazi au mlezi kabla ya kuchukua taarifa za mtoto. Ni sheria njema, lakini ridhaa ya mzazi asiyeielewa lugha ya fomu ina uzito gani? Heri kutouliza kabisa. Hadithi husomeka bila kujisajili, na hesabu hufanyika bila kutaja jina.

Kuhusu mvuto, mifano ipo. Ubongo Kids ya Tanzania hufundisha hesabu kwa katuni na nyimbo za Kiswahili. African Storybook, iliyoanza nchini Afrika Kusini, huweka hadithi ambazo mwalimu anaweza kuzitafsiri, kuzipakua na kuzichapisha kwenye karatasi. Kwangu mimi hilo la karatasi lina uzito kuliko katuni. Januari 2014 Al-Shabaab waliyaamuru makampuni ya simu nchini Somalia kusitisha intaneti ya simu za mkononi. Tovuti ya watoto wa pwani hiyo lazima iwe nyepesi, na masomo yake yaendelee kutumika mtandao unapokatika.

Limebaki suala la lugha. Hapa walimu wenzangu wa Kiswahili hatukubaliani sana. Wako wanaotaka Kiswahili sanifu pekee, wakiamini lahaja itamchanganya mtoto. Mimi naona hadithi ya kasa au ya mtepe iwekwe kwa Kibajuni na kwa Kiswahili sanifu, ukurasa kwa ukurasa. Na katika mazoezi, mtoto akiandika neno kama lisemwavyo nyumbani kwao, programu imwonyeshe neno la pili kando yake, isimpigie alama nyekundu.